Namna ya kupitisha hewa nyumbani, kuanzia chumba cha chini ya ardhi hadi darini

Mtu anayejenga Goba, Kimara au Madale, ambako viwanja vingi vya Dar es Salaam vimekaa kwenye miteremko, mara nyingi hujikuta na chumba ambacho hakukipanga tangu mwanzo. Msingi wa upande wa bondeni unapanda sana, fundi anashauri nafasi ile isijazwe kifusi, na mwenye nyumba anapata stoo, chumba cha kijana, au hata makazi madogo ya kupangisha ambayo ukuta wake mmoja au miwili imeegemea udongo. Miezi ya mwanzo chumba hupendeza kwa ubaridi wake. Masika yakiingia, viatu vya ngozi vinaota koga, godoro linanuka uvundo, rangi ya ukuta inavimba kama malengelenge, na kila mgeni anayeshuka ngazi hutoa ushauri uleule: fungua madirisha. Ushauri huo unafaa kwa miezi kadhaa ya mwaka, na katika miezi mingine ndio unaozidisha tatizo. Mwongozo huu unaanza na chumba hicho kwa sababu ndicho kigumu kuliko vyote, kisha unapanda kwenye jiko, bafu, vyumba vya kulala na dari.

Mambo mawili yafahamike kabla ya kutoboa ukuta wowote. La kwanza ni kwamba hewa haiingii mahali ambapo haina njia ya kutokea. Chumba chenye dirisha moja kubwa kinaweza kuwa na hewa nzito kuliko chumba chenye matundu mawili madogo yanayotazamana. La pili ni kwamba hewa yenye joto hubeba mvuke mwingi kuliko hewa ya baridi. Katika siku ya kawaida ya Machi, hewa ya nje ikiwa na nyuzi 30 za Selsiasi na unyevu wa asilimia 75, kila mita moja ya ujazo inabeba takriban gramu 23 za maji. Hewa hiyohiyo ikipoa hadi nyuzi 25, gramu hizo 23 ndizo kiwango cha juu kabisa inachoweza kubeba, na kitu chochote chenye ubaridi zaidi ya hapo kitatoa jasho kama chupa ya soda iliyotoka kwenye friji.

Hatua ya kwanza: kupima na kujua maji yanatoka wapi

Nunua kipima unyevu kidogo cha mezani, ambacho huuzwa kwa bei isiyotisha katika maduka ya vifaa vya umeme. Kiweke kwenye chumba kinachokusumbua kwa muda wa siku tatu au nne, ukiandika kiwango asubuhi na jioni. Unyevu ukibaki juu ya asilimia 70 siku baada ya siku, koga itaota hata kama husikii harufu yoyote bado. Lengo liwe kuushusha chini ya 60, ingawa kwa pwani kuna wiki ambazo hilo haliwezekani bila mashine.

Kisha kata kipande cha nailoni nene chenye upana na urefu wa nusu mita, ukibandike kwa gundi ya karatasi pande zote nne kwenye ukuta unaoshuku, na ukiache kwa siku mbili. Ukikuta matone kati ya nailoni na ukuta, maji yanatoka ardhini na kupenya tofali. Ukikuta umande upande wa nje wa nailoni, unaotazama chumba, maji yanatoka hewani. Tofauti hii ndiyo inayoamua fedha yako iende wapi. Wengi hununua feni kwa ajili ya ukuta unaovuja, au hupaka rangi ya kuzuia maji kwenye ukuta ambao tatizo lake ni hewa, na wote wawili hurudi dukani mwaka unaofuata.

Kwa kujua hewa inakoelekea, hakuna kifaa kinachozidi ubani. Washa kijiti, kisimamishe mlangoni, dirishani na kwenye kila tundu, kisha utazame moshi unavutwa wapi. Ukipanda wima na kutawanyika polepole, hewa imesimama. Ukiingia ndani kupitia tundu ulilodhani ni la kutolea, basi upepo umegeuza mpango wako na ni afadhali kulijua hilo mapema.

Hatua ya pili: maji kwanza, hewa baadaye

Kama nailoni imeonyesha kwamba maji yanatoka ardhini, hakuna feni itakayolikausha bonde. Paa lenye eneo la mita za mraba 120 likipokea mvua ya milimita 50, ambayo si ya ajabu katika masika ya pwani, linamwaga lita 6,000. Ikiwa gata hakuna, au bomba la gata linaishia kwenye kona ya msingi, lita hizo zote zinanywewa na udongo unaoegemea ukuta wa chumba chako. Peleka maji hayo mbali na nyumba kwa bomba au mtaro, na uhakikishe kwamba ardhi ya upande wa mlimani inateremka kutoka ukutani badala ya kuelekea ukutani. Nyumba ikiwa bado inajengwa, ukuta wa upande wa udongo upakwe lami au uvikwe utando wa kuzuia maji kwa nje, uwekewe kokoto na bomba lenye matundu chini yake la kukusanya maji, na ndipo ufukiwe. Kazi hiyo ikirukwa, kuifanya baadaye maana yake ni kufukua upya.

Kuna ukuta ambao hulowa bila mvua wala bomba lililopasuka. Huo mara nyingi ulijengwa kwa mchanga wa ufukweni. Chumvi iliyomo hunyonya unyevu wa hewa na kuutunza, na kila unapokauka huacha unga mweupe unaosukuma rangi. Plasta ya namna hiyo hubanduliwa na kupigwa nyingine kwa mchanga wa mtoni uliosafishwa. Kuipaka rangi ya mafuta ni kuifungia maji ndani. Kosa la jamaa hiyohiyo limezikuta nyumba nyingi za zamani za Mji Mkongwe na Lamu, ambazo kuta zake nene za matumbawe zilipigwa chokaa inayopumua, kisha wakarabati wa miaka ya karibuni wakazifunika kwa saruji, na unyevu ambao zamani ulitoka taratibu kupitia chokaa ukakosa njia.

Hatua ya tatu: chumba cha chini ya ardhi

Udongo ulio nyuma ya ukuta haubadiliki joto kwa kasi ya hewa. Unakaa karibu na wastani wa joto la mwaka mzima, ambao kwa Dar es Salaam ni nyuzi 26 hivi, na ukuta unaougusa hufuata. Hewa ya masika, yenye mvuke mwingi, inapoingia na kugusa ukuta huo, unyevu unaogusana na plasta hupanda hadi asilimia 90 au zaidi, na koga haihitaji kingine. Hewa ya kipupwe, kati ya Juni na Septemba, hubeba mvuke mchache kuliko hiyo. Ikigusa ukuta uleule unyevu wake huwa kwenye asilimia 65 hivi, nayo huchukua maji kutoka ukutani badala ya kuyaacha. Kwa hiyo madirisha ya chumba hiki yafunguliwe wazi wakati wa kipupwe, hasa kuanzia saa nne asubuhi hadi alasiri, na yafungwe katika siku za masika zenye fukuto. Najua hili linapingana na silika ya kila mama wa nyumbani aliyefundishwa kwamba nyumba ikinuka hufunguliwa, lakini kipima unyevu kitamthibitishia ndani ya siku moja.

Mpangilio wa matundu uwe hivi. Pitisha bomba la kuingizia hewa lenye kipenyo cha sentimita 10 hadi 15 ukutani, na ncha yake ya ndani ishuke hadi sentimita 20 au 30 juu ya sakafu. Katika kona ya mkabala, weka bomba la kutolea lenye upana huo au zaidi, likianzia karibu kabisa na dari na kupanda nje juu ya usawa wa paa. Ncha zote za nje zifungwe wavu wa chuma wa kuzuia panya na zivikwe kofia ya kuzuia mvua. Mpango huu wa mabomba mawili umenakiliwa kutoka nchi za baridi, ambako ghala la chini ya ardhi huwa na joto kuliko nje wakati wa majira ya baridi, na hewa yake nyepesi hupanda yenyewe. Pwani mambo hugeuka: mchana chumba kina ubaridi kuliko nje, hewa yake ni nzito, na hulala humo kama maji ndani ya beseni. Ndiyo maana bomba la kutolea liwekewe feni. Chumba cha mita 4 kwa 5 chenye urefu wa mita 2.5 kina mita 50 za ujazo, na feni ndogo inayovuta mita 100 za ujazo kwa saa itaibadilisha hewa yote mara mbili kila saa, jambo linalotosha kwa stoo au chumba cha mtu mmoja. Mlango wa ngazi ufungwe feni inapofanya kazi, la sivyo itavuta hewa ya sebuleni na bomba la chini litabaki pambo.

Chumba ambacho upande wake wa bondeni uko wazi huwa na madirisha ya upande huo pekee, huku nyuma, penye udongo, hewa ikiwa imekufa. Tundu la kutolea lipelekwe huko nyuma, hata kama bomba lake litalazimika kupita mbali, kwa sababu likiwekwa karibu na dirisha litazungusha hewa ya mbele tu.

Wakati wa masika, chumba kikiwa kimefungwa, kinachosaidia ni mashine ya kukausha hewa. Inafanya kazi vizuri pale tu ambapo milango na madirisha vimefungwa. Ukiiwasha dirisha likiwa wazi unajaribu kuikausha Bahari ya Hindi. Iunganishe na mpira wa kutolea maji hadi kwenye mfereji, maana ndoo yake ikijaa hujizima na watu husahau kuimwaga. Kabati, vitanda na maboksi yasogezwe angalau sentimita 10 kutoka kwenye ukuta wa udongo na yainuliwe kutoka sakafuni kwa mbao. Zulia la ukuta kwa ukuta lisiwekwe humo kabisa.

Mtungi wa gesi, jenereta na jiko la mkaa havina nafasi katika chumba hiki, kiwe kitupu au kinakaliwa. Gesi ya kupikia ni nzito kuliko hewa. Ikivuja hushuka, hujaa chini kama maji, na hungojea cheche ya swichi.

Jiko

Watu wengi hawajui kwamba moto wa gesi hutoa maji. Kila kilo moja ya gesi ya kupikia ikiungua huzalisha takriban kilo 1.6 za mvuke wa maji, maana yake mtungi wa kilo 6 ukiisha, umekwisha kumwaga karibu lita 10 ndani ya nyumba yako, mbali na mvuke wa sufuria zenyewe. Jikoni pawe na tundu la juu la kutolea mvuke na joto, na tundu la chini, karibu na sakafu, la kutolea gesi ikivuja. Matofali ya matundu yanafaa kwa yote mawili, mradi mtu asiyazibe kwa maboksi kwa kuogopa mende. Feni ya jikoni iwe na uwezo wa lita 50 kwa sekunde au zaidi na iwekwe juu ya jiko lenyewe, si ukuta wa mbali.

Mkaa ni habari nyingine. Hutoa gesi ya kaboni monoksidi, ambayo haina rangi wala harufu, na jiko ambalo moshi wake umekwisha na makaa yamekuwa mekundu vizuri ndilo linalowadanganya watu, kwa kuwa huendelea kuitoa bila dalili. Dirisha lililoachwa wazi kidogo halitoshi kulifanya salama. Jiko la mkaa lipikiwe barazani, uani au chini ya dohani iliyojengwa kweli, na kamwe lisiingizwe chumbani usiku kwa ajili ya kuota moto, kama wafanyavyo baadhi ya watu wa Mbeya, Njombe au Limuru wakati wa baridi. Jenereta nayo ikae angalau mita 6 kutoka dirisha lolote, moshi wake ukielekezwa mbali na nyumba.

Bafu na choo

Bafu la ndani lisilo na dirisha limekuwa la kawaida tangu vyumba vya kulala vyenye bafu zake viwe fasheni. Linahitaji feni ya kuvuta lita 25 kwa sekunde, yaani karibu mita 90 za ujazo kwa saa, na iendelee kuzunguka dakika 20 hadi 30 baada ya mtu kumaliza kuoga. Kwa hiyo ni vyema iwe na swichi yake peke yake, au ya muda, badala ya kuunganishwa na taa.

Makosa mawili hujirudia. La kwanza ni fundi kuielekeza feni ndani ya dari na kuishia hapo, kwa hoja kwamba hewa “itajipotezea.” Haijipotezi; hugusa mabati yaliyopoa usiku, hugeuka maji, na mwaka mmoja baadaye jipsamu ya chumba cha jirani inapata madoa ya kahawia ambayo kila mtu anadhani ni paa linalovuja. Niliwahi kuishi katika nyumba ambayo mabati yake yalibadilishwa mara mbili kwa sababu hiyo. Bomba la feni litoke nje kabisa, liwe la PVC laini kwa ndani, fupi iwezekanavyo, na liiname kidogo kuelekea nje ili maji yasirudi.

Kosa la pili ni mlango. Feni haiwezi kutoa hewa ambayo haiingii. Mlango wa upana wa sentimita 80 ukiacha uwazi wa sentimita 2 chini yake unatoa njia ya sentimita za mraba 160, ambayo ni mara mbili ya bomba la kipenyo cha sentimita 10 na inatosha kabisa. Ukiwa umekaa sawasawa na sakafu, feni itapiga kelele bila kuvuta kitu. Jaribu kwa kipande cha tishu: kikishikwa na feni mlango ukiwa wazi na kudondoka ukifungwa, punguza mlango kwa randa.

Vyumba vya kulala na sebule

Pangaboi haliingizi hewa mpya, na kiyoyozi cha kawaida cha ukutani vilevile. Vyote viwili huzungusha hewa iliyomo. Kuingiza ni kazi ya dirisha. Kipimo kizuri cha kuanzia ni uwazi usiopungua sehemu moja ya ishirini ya eneo la sakafu, yaani mita za mraba 0.6 kwa chumba cha mita 12 za mraba, na hapa madirisha ya aluminiamu ya kusukuma yanatuangusha. Dirisha la mita 1.2 kwa 1.2 hufunguka nusu tu, sawa na mita za mraba 0.72, kisha wavu wa mbu, hasa ukiwa umeshika vumbi la barabara, hupunguza upepo kwa kiasi kikubwa. Dirisha la bawaba au la vioo vya kupangua hufunguka karibu lote. Yule ambaye tayari ana ya kusukuma aoshe nyavu zake kila mwezi, na atashangaa.

Uwazi wa kuingilia uelekee upepo. Pwani yetu hupata kaskazi kati ya Desemba na Machi, kutoka kaskazini mashariki, na kusi katikati ya mwaka, kutoka kusini mashariki, hivyo upande wa mashariki hufaa kuingizia kwa karibu mwaka mzima, na tundu la kutolea liwe upande wa pili, juu, lisiwe dogo kuliko la kuingilia. Chumba kisicho na ukuta wa pili wa nje kiwekewe uwazi juu ya mlango unaoelekea koridoni. Nafasi kati ya ukuta na paa, ambayo mbu wa malaria huipenda kuliko dirisha, izibwe kwa wavu badala ya saruji.

Kwa wanaolala na kiyoyozi kwenye nyuzi 18 kisha asubuhi wakafungua madirisha yote kwa pamoja: hewa ya nje hukutana na kuta, vioo na nguo zilizopoa, na zote hulowa. Kiyoyozi kiwekwe nyuzi 25 au 26 na tatizo hilo hupungua lenyewe.

Darini penyewe pahitaji matundu tu kwenye pembetatu za ukuta na chini ya upenu, yenye wavu imara wa kuzuia popo, ili joto la mabati lisishukie jipsamu.

Kwa wanaoishi kwenye besmenti za Marekani na Kanada

Wasomaji walioko Ohio, Minnesota au Toronto, ambako familia nyingi huanzia maisha kwenye ghorofa ya chini ya ardhi, wana hali ileile iliyotiwa chumvi zaidi, kwa sababu udongo wa huko ni wa baridi sana kuliko wetu. Dirisha la besmenti likifunguliwa katika siku ya joto na unyevu ya Julai, kuta hulowa ndani ya saa chache. Funga, washa mashine ya kukausha hewa. Wakati wa baridi hewa ya nje ni kavu, kiasi kwamba hewa ya nyuzi sifuri ikipashwa hadi nyuzi 20 hubaki na unyevu usiofika asilimia 30, hivyo dakika 10 za kufungua madirisha pande mbili hukausha chumba vizuri.

Huko kuna pia radoni, gesi ya mionzi inayopanda kutoka ardhini bila harufu, na ambayo mamlaka za afya za Marekani huihesabu kuwa chanzo cha pili cha saratani ya mapafu baada ya sigara. Shirika la mazingira la serikali, EPA, linashauri hatua zichukuliwe kuanzia bekereli 148 kwa mita ya ujazo. Kipimo chake hununuliwa dukani. Dawa yake ya kudumu ni bomba lenye feni linalofyonza hewa kutoka chini ya zege la sakafu na kuitoa juu ya paa, si kufungua dirisha. Mpangaji amwombe mwenye nyumba matokeo ya kipimo kabla ya kusaini mkataba.

Kukagua baada ya kazi

Kipima unyevu kibaki chumbani kwa mwaka mzima, kwa kuwa mpango uliofaulu Julai haujathibitika hadi uvuke Aprili. Koga iliyopo isuguliwe kwa maji na sabuni, mtu akiwa amefunika pua, na ukuta ukaushwe kabisa kabla ya kupaka rangi. Panga za feni zisafishwe kila miezi mitatu. Masika yakikatika, bandika tena nailoni mahali palepale pa mwanzo, uiache siku mbili, na uangalie matone yako upande gani.